Venye unaweza kufuata utani wa "that's what she said" mpaka kwa mzizi wake

Hapa Nakuru ukiuliza vijana kumi nani alianzisha "that's what she said", yaani "ndivyo huyo dada alivyosema", wote watakwambia ni Michael Scott, yule bosi wa programu ya vichekesho ya Marekani The Office, na watasema wakiwa na uhakika kabisa. Mimi pia nilikua naamini hivo mpaka siku moja nikiwa kwa kinyozi Section 58. Hapo nje kulikua na mafundi wawili wanaingiza kochi kwa nyumba ya jirani, mlango ni mwembamba, na wanaongea kwa sauti, "pole pole buda, imekwama, inua kidogo, geuza, haya sukuma, sasa inaingia". Kijana aliyekua ananyolewa, kitambaa shingoni na macho amefunga, akasema tu "that's what she said", na kinyozi ikabidi azime mashine juu ya kucheka.

Kwa benchi alikua amekaa mwalimu mstaafu, anangoja zamu yake na gazeti mkononi. Akasema, "Hiyo tulikua nayo shuleni kabla mama zenu wazaliwe, lakini yetu ilikua ya askofu." Kijana akamuuliza, "Askofu gani tena mwalimu?" Mzee akaeleza kwamba miaka ya 1960 walikua na mwalimu mzungu, na mtu akisema kitu chenye maana yake inaweza kupinduka, huyo mwalimu anaongeza "as the actress said to the bishop", yaani kama mwigizaji wa kike alivyomwambia askofu, na darasa zima linajifanya halijaelewa.

Hiyo ilininyima usingizi. Nikaanza kutafuta, na njia niliyopitia naona inaweza kumsaidia mtu yeyote anayetaka kujua utani ama msemo fulani umetoka wapi, si huu peke yake. So naandika venye nilifanya, pamoja na mahali nilipotea.

Kitu ya kwanza, vunja utani vipande kabla hujafungua hata intaneti. Huu wetu uko na vipande viwili. Kuna sentensi safi, mtu amesema kuhusu kazi yake, kochi, gari, ugali, chochote. Alafu kuna mkia, na kazi ya mkia ni moja tu, kuichukua ile sentensi kutoka kwa mdomo wa mwenyewe na kuiweka kwa mdomo wa mtu mwingine aliye mahali pengine akifanya mambo mengine. Hakuna neno chafu limesemwa. Fundi amesema ukweli kuhusu kochi, kijana amesema kuna msichana alisema hivo pia, uchafu wote umefanyika kwa kichwa ya anayesikiza. Ukishaona hivo utajua kwamba cha kufuata si maneno "that's what she said". Cha kufuata ni huo mkia, juu maneno hubadilika kila kizazi lakini mkia unabaki.

Hapa ndio nilipoteza wiki mbili. Nilikua natafuta yale maneno manne na naletewa The Office, The Office, The Office. Siku nilitafuta muundo badala ya maneno, milango ikafunguka. Kwa Google Books ukiandika maneno ndani ya alama za kunukuu na uweke nyota mahali pa neno usilojua, kama "as the * said to the *", inakuletea waigizaji, maaskofu, masoja, kila aina. Alafu punguza miaka, mwambie akuonyeshe vitabu vya kabla ya 1950 pekee. Lakini usiamini tarehe unayoonyeshwa pale kando mpaka uone ukurasa wa mbele wa kitabu chenyewe, juu saa zingine kitabu kilichapishwa upya miaka mingi baadaye na mashine imekipa mwaka wa zamani, ama gazeti la miaka hamsini limepewa mwaka wa toleo la kwanza. Nilishangilia mara mbili bure kwa sababu ya hiyo.

Ukifuata muundo unafika mbali kuliko ulivyodhani. Kule Uingereza Charles Dickens alitoa hadithi za Pickwick kati ya 1836 na 1837, na ndani yake kuna kijana wa kazi anaitwa Sam Weller ambaye hawezi kusema kitu bila kumalizia na "kama fulani alivyosema wakati alipofanya vile". Alipendwa mpaka wasomi wa misemo wakaita aina hiyo yote kwa jina lake. Ya Weller haikua lazima iwe ya mambo ya chumbani, lakini mkia ndio ule ule, umeshakua, miaka karibu 170 kabla ya Michael Scott.

Alafu unakuja kwa askofu wa mwalimu wetu. Leslie Charteris, yule aliyeandika habari za Simon Templar anayeitwa The Saint, kitabu chake cha kwanza cha huyo jamaa kilitoka 1928, na Templar alikua anapenda sana huo mkia wa mwigizaji na askofu. Eric Partridge, mtu aliyekusanya misemo ya Kingereza kwa kamusi nzima iliyotoka 1977, alikisia umeanza enzi ya mfalme Edward wa saba, yaani kati ya 1901 na 1910. Aliweka kama kisio na mimi pia naacha kama kisio.

Sasa sikiza hii, ndio naipenda kuliko zote. Mwaka wa 1929 Alfred Hitchcock alikua anatengeneza filamu ya Blackmail. Ilianza kama filamu ya kimya, alafu sauti ikaingia na ikabidi wapime sauti ya mwigizaji mkuu, Anny Ondra, dada kutoka Cheki mwenye lafudhi nzito. Kipande cha huo upimaji kipo mpaka leo. Hitchcock amesimama kando yake anamchokoza, dada anacheka na kuficha uso kwa aibu, na mwishoni anamwambia asimame pale pale, la sivyo haitatoka vizuri, kama msichana alivyomwambia soja. Dada anageuka, anacheka mpaka anaondoka kwa kamera.

Angalia venye dada amecheka. Hakuuliza soja gani. Hakuelezwa. Na si Mwingereza, Kingereza chake ndicho kilikua kinapimwa hapo, bado alikamata mara moja. Kanuni niliyotoa hapo ni hii, na naomba uishike: mwaka unaoupata kwa maandishi ama kwa filamu si mwaka wa kuzaliwa kwa utani, ni mwaka ambao tayari umezoeleka mpaka hauhitaji maelezo. Ukiukuta 1929 na mtu anacheka papo hapo, rudi nyuma zaidi, watu walikua nao mdomoni.

Kuna misemo mingine yenye cheti cha kuzaliwa kabisa na hiyo haikusumbui. "Unbwogable" kwa mfano, kila mtu wa Kisumu wa umri wangu anajua ni Gidi Gidi Maji Maji, 2002, wamechukua neno la Kijaluo "bwogo", kutisha, wakalivalisha nguo ya Kingereza mbele na nyuma, na kufika Desemba mwaka huo NARC, ule muungano wa vyama vya upinzani, walikua nalo kwa mikutano ya kampeni. Mingine unaipima kwa kitu kilicho ndani yake. "Kula fare" venye tunaisema leo, yaani dem ametumiwa nauli kwa simu alafu simu ikazimwa, hiyo haiwezi kuwa ya kabla ya Machi 2007, juu M-Pesa ilianza hapo, kabla yake ungetuma fare na nini. So kila mara chungulia ndani ya utani, kama kuna chombo, pesa, gari, cheo cha mtu, kitakupa mpaka. Ndani ya ule wa askofu kuna mwigizaji wa kike, na hiyo inakwambia ulitoka kwa jamii yenye mwigizaji alikua anaonekana mtu wa sifa mbaya na askofu mtu asiyeguswa, so kuwaweka chumba kimoja tu ni kichekesho tayari. Ukileta hiyo kwa kijana wa Kaptembwa, mtaa wa hapa Nakuru, leo hataona kitu cha kuchekesha, askofu kuongea na mwigizaji kuna shida gani.

Na hapo ndio utaelewa kwa nini "she" ilishinda. Mkia wa zamani ulikua unahitaji watu wawili na nchi nzima nyuma yao. Mkia mpya unahitaji mtu mmoja asiye na jina, kazi wala dini. Ni mfupi, unaingia mahali popote. Chevy Chase aliusema kwa programu ya vichekesho ya Marekani, Saturday Night Live, mwaka ule ilianza, 1975, kwa kile kipande cha habari za utani. Ukatokea kwa filamu ya Wayne's World 1992. Na The Office yenyewe inakuonyesha mabadiliko kwa macho: ile ya Uingereza iliyoanza 2001, bosi David Brent anatumia askofu. Ile ya Marekani iliyoanza Machi 2005, bosi Michael Scott anatumia she. Ofisi ni ile ile, aina ya bosi ni ile ile, mkia umebadilishwa kufuata nchi.

Mara ya kwanza Michael kuusema ni Septemba 2005, kwa episodi inayohusu unyanyasaji wa kingono kazini, ameshakatazwa na wakubwa asifanye utani wa aina hiyo na anachokozwa mpaka anashindwa kujizuia. Fikiria hapo kidogo. Waandishi wa programu walimpa huo utani juu walijua umezeeka, ni utani wa bosi asiyejua wakati wake umepita. Kumbe ndio wakaupa maisha mapya. Steve Carell, aliyemwigiza Michael, aliondoka 2011, akarudi kwa episodi ya mwisho Mei 2013, na karibu kitu ya kwanza kutoka mdomoni mwake ikawa hiyo hiyo. 2011 ile ile watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha Washington, Chloé Kiddon na Yuriy Brun, walikua wameandika karatasi ya kufundisha kompyuta itambue ni sentensi gani inafaa kuwekewa huo mkia, wakaiita programu yao DEviaNT. Ilikua inaangalia nomino na vivumishi, gani hukaa karibu na maneno ya mwili na mapenzi, na kama sentensi imejengwa kama zile za hadithi za mapenzi. Yaani kile kijana wa kwa kinyozi anafanya akiwa amefunga macho, wenzetu walikua wanakifanyia hesabu.

Ukishajua ulizaliwaje, uliza sasa umefikaje hapa kwetu, na hiyo hutaipata kwa kitabu, ni ya kuuliza watu. Huku kwetu nyaya za intaneti za chini ya bahari zilifika 2009, kabla ya hapo mtu hawezi kukaa anatazama siriz kwa mtandao. Mimi naikumbuka kwa maduka ya muvi, unaenda na flash yako, unajaziwa sizoni nzima, unarudi hosteli, watu sita kwa laptop moja, na kesho yake wote sita wanaongea kama Michael. Hiyo ndio njia ya kizazi changu. Ya mwalimu ilikua darasa la mkoloni. Utani mmoja umeingia nchi hii kwa milango miwili, tofauti ya miaka arobaini na zaidi, na wenye mlango wa pili hawakujua wa kwanza ulikuwepo.

Ukiuliza wazee, tafadhali usiwape jibu ndani ya swali. Ukimwambia mzee "mzee, mlikua mnasema as the actress said to the bishop?" atakubali tu, kwa heshima ama kwa kuchoka. Muulize "mlikua mnamchokoza aje mtu akisema kitu chenye maana mbili?" alafu nyamaza. Na usimuulize mwaka, muulize ilikua kabla ama baada ya kitu gani. Kisumu watu wa umri ule wanapima kwa kifo cha mwanasiasa Tom Mboya, Julai 1969, wengine kwa kifo cha Mzee Kenyatta Agosti 1978, wengine kwa jaribio la mapinduzi la Agosti 1982. Hapo utapata tarehe nzuri kuliko ukisema "ilikua mwaka gani jaduong'". Na umkute amekaa na wenzake wa rika lake, si na wajukuu, mbele ya wajukuu atakupa methali.

Jaribio la mwisho ni la lugha, na hapa Waswahili tuko na mambo yetu. Chukua utani wako uutafsiri, uone ni wapi unavunjika, hapo ndio utaona mashine yake. "Ndivyo alivyosema." Nani? Kiswahili "a" ni ya mume na mke sawa, so yule "she" amepotea njiani, ni lazima umtafutie mtu. Nimesikia "ndio dem wako alisema", ambayo inaweza kukuletea ngumi. Mimi mwenyewe nilianza kutumia "kama bibi harusi alivyosema" na inafanya kazi vizuri, kila mtu anajua bibi harusi anaenda wapi baada ya keki.

Shida ya pili ni ngeli. Kingereza kina "it" moja inayoficha kila kitu duniani. Kiswahili sanifu hakifichi, ukisema "limekwama" nimejua ni kochi ama gari, ukisema "kimeingia" nimejua ni kitanda, akili haina nafasi ya kutangatanga. Lakini sisi huku bara, Nakuru, Kisumu, Kakamega, tunaongea "hii kochi imekwama", "ile kitanda imeingia", kila kitu tumekisukuma kwa I-ZI. Walimu wetu walitupiga sana kwa hiyo, na makosa bado ni makosa kwa mtihani, lakini kwa utani huu ile "i" yetu inafanya kazi ya "it" kabisa, inaficha kila kitu. Rudi usikize wale mafundi wa kochi: imekwama, inaingia. Wangekua wanasema limekwama, linaingia, kijana angeendelea kunyolewa kimya. Ndio maana naamini huu utani ulishika haraka kwetu kuliko Pwani, ambako watu wana mafumbo yao makali zaidi, ya leso na ya taarabu, na hawahitaji mkia wa mtu.

Na masikio yalikua tayari. Mtu aliyekaa usiku wa ohangla, muziki wa Kijaluo, akaona pakruok, venye jamaa anatoa pesa, muziki unasimamishwa, anajisifu ama anamsifu rafiki kwa picha za maneno zenye nguo mbili, na umati unalipuka kabla hajamaliza, huyo hafundishwi kusikia maana ya pili.

Kitu kimoja kuhusu kuutumia, juu najua baada ya kusoma hii utataka. Usiuseme mbele ya wakwe. Kwa Wajaluo na kwa Waluhya pia mama mkwe ni mtu unakaa naye kwa adabu kubwa, na ukitupa mkia kwa sentensi yake kuhusu sufuria hutaeleza hiyo kitu ikaeleweka. Kazini pia, usiuweke kwa sentensi ya dada uliye juu yake kwa cheo, yeye hawezi kukujibu na atacheka akiwa hajafurahi. Utani huu unachukua maneno ya mtu na kuyaweka kwa mdomo mwingine, so angalia kama huyo mtu ana uwezo wa kuyachukua tena. Kijana wa kwa kinyozi alikua sawa, wale mafundi walisikia wakamjibu hapo hapo mlangoni, na jibu lao siwezi kuandika.

Nilirudi Jumamosi iliyofuata na kile kipande cha Hitchcock kwa simu. Mwalimu alivaa miwani, akaweka simu karibu na sikio juu sauti ya 1929 ina mikwaruzo, akasikiza mpaka mwisho. "Huyu amesema soja," akasema. "Rudisha." Nikarudisha. Akacheka kidogo, akatoa simu yake akaandikia grupu ya wenzake waliosoma pamoja, na nikaona ameuliza vizuri kabisa, bila kuwapa jibu: mnakumbuka yule mwalimu wa Kingereza alikua anapenda kumalizia sentensi zetu na nini? Kabla zamu yake ya kunyolewa ifike wawili walikua wamejibu. Mmoja ameandika askofu. Mwingine amekataa kabisa, anasema ilikua kasisi, na anakumbuka juu yeye ndiye alichapwa siku aliurudia kanisani.